Nilimwitikia Bibi Nakundwa kwa Spika

Mimi ndiye niliyefanya. Naanza hapo makusudi, usije ukanionea huruma kabla hujasikia habari yenyewe.

Jina langu nimeliacha nje. Huku kwetu Ugweno ukimtaja mtu jina, wanauliza ni wa nyumba gani, mama yake katokea wapi, na kabla chai haijapoa ukoo mzima umeshaanikwa. Ukoo wangu haukukosa. Niliyekosa ni mimi peke yangu, ila walioumia ni wengine.

Mimi ni msanii wa sauti. Siimbi, tuelewane. Narekodi watu wanavyoongea, sokoni, kanisani, jikoni, halafu nazikata zile sauti na kuzipanga upya, naziweka kwenye spika nyingi ndani ya chumba chenye giza, watu wanaingia wanatembea katikati yake. Dar wapo wanaopenda mambo hayo. Wengine wanatoka wanajifuta machozi. Na mimi nilikuwa nasimama pale mlangoni najiona mtu wa maana kweli kweli.

Shangazi yangu nilipomweleza alinisikiliza mpaka mwisho, halafu akauliza, "Kwa hiyo watu wanaingia chumbani kusikiliza watu ambao hawamo?"

"Ndiyo, shangazi."

"Si waende tu kwa watu?"

Nilicheka mpaka mbavu zikauma. Nikairekodi hata hiyo.

Huyo ndiye Shangazi Eliwaza, dada wa baba yangu. Alikuwa anaishi juu kabisa, upande wa Shighatini, na ng'ombe wake mmoja, migomba yake, na kahawa ambayo alikuwa anaitukana kila mwaka lakini hataki kuing'oa. Nilipanda kwake kwa ajili ya lugha. Sisi kwetu tulilelewa kwa Kiswahili; mama alisema Kigweno kitatuchelewesha shule. Sasa wanaokiongea wanazidi kupungua, watoto huko mlimani wanagombana kwa Kiswahili na kuchekana kwa Kiswahili. Nikasema ngoja niende nikirekodi kabla hakijaisha. Jamani, nilijiona mwokozi!

Na Kigweno changu chenyewe ni cha kubahatisha. Naelewa mtu akinisemesha taratibu, ananitazama usoni, tena awe na huruma. Nikifungua mdomo kujibu, watu wanashikana mabega kwa kicheko. "Huyu mtoto anaongea kama ana ndizi ya moto mdomoni," shangazi alikuwa anawaambia wageni, kisha ananisukuma niongee tena. Hakuwa na ubaya. Lakini mimi nilikuwa mtu mzima, nimesoma, nimeshasimama mbele za watu, nikaona aibu. Nikawa navaa vile vidude vya masikioni, nakaa kimya, na mtu akinisemesha namwonyesha kwa kidole kwamba kinasa sauti kiko kazini. Unajua unaweza kukaa na watu miezi hivyo, unawasikiliza kutwa, na usiongee nao hata kidogo?

Sasa sikia kitu kilichonishika.

Ng'ambo ya bonde, kwenye mlima unaotazamana na wa shangazi, alikuwa anakaa rafiki yake, Bibi Nakundwa. Walipata kipaimara pamoja, wakaolewa kila mmoja upande wake, wakazaa, wakazika waume. Watoto wa Bibi Nakundwa wako Dar na Arusha. Yeye amebaki na jirani anayemletea maji na kumchungulia. Kati ya nyumba hizo mbili kuna njia ya kushuka mpaka mtoni na kupanda tena. Vijana wanaiona ni kitu kidogo. Wale wawili magoti yalishakataa. Basi wakawa wanaitana.

Kila asubuhi ukungu ukianza kuinuka, shangazi alikuwa anatoka na kanga yake kichwani, anasimama pale migomba inapoishia, anaweka viganja mdomoni na kuita. Siyo kelele. Ni mwito unaoanzia chini tumboni, unapanda, unarefuka, halafu unaachiwa uende. Kisha ananyamaza. Na baada ya muda, kutoka ng'ambo, unasikia mwitikio, mwembamba, kama wa mtoto. Hapo ndipo wanaulizana: umeamkaje, mwili unasemaje, umekula nini. Mwisho shangazi anafunga kwa maneno yale yale, kwamba ameamka salama, Mungu ni mwema, haya, mpaka jioni. Na jioni wanarudia.

Simu walikuwa nazo, zile ndogo za batani. Nilipomuuliza shangazi kwa nini wasipigiane, aliniangalia kama nimeuliza kwa nini asile sabuni. "Simu ni ya misiba," alisema.

Maneno yenyewe ya Kigweno siyaandiki hapa. Sidhani kama bado nina haki nayo.

Nilirekodi ule mwito asubuhi nyingi. Wa mvua, wa jua, wa siku shangazi ana mafua. Mara nyingine alinishika mkono: "Leo mwitikie wewe, Nakundwa atafurahi." Nami nikawa natikisa kichwa na kumwonyesha kinasa sauti.

Masika yalipokolea, shangazi akaanguka jikoni. Kiharusi. Mtoto wake, Kaka Zefania, anaishi Same mjini, ana duka la spea za pikipiki. Alipanda na gari siku ileile akamchukua kwenda naye awe karibu na hospitali. Upande mmoja wa mwili ulikuwa umekufa, na ulimi nao. Akili ilikuwa ile ile, macho yale yale, ukiongea anakufuata neno kwa neno, ila yeye neno halimtoki. Mtu aliyekuwa anaamsha bonde zima!

Mimi nikaachwa na nyumba na ng'ombe. Kabla ya kuondoka, Kaka Zefania alinivuta pembeni.

"Kesho asubuhi na mapema shuka uende kwa Bibi Nakundwa ukamwambie. Taratibu, ana presha yule. Na usije ukapiga kelele kutoka hapa."

"Sawa, kaka."

Kwetu habari mbaya hairushwi juu ya bonde. Anatumwa mtu mmoja kwa miguu, na wengine wote wanamwachia yeye kusema. Anashuka, anapanda, anafika, anakaribishwa, anakaa, anapewa maji, na akishameza ndipo anasema. Mwenye habari anakuwa ameshakaa na yeye, mkono uko karibu. Hata watoto wanalijua hilo. Na mimi nilikuwa nalijua!

Asubuhi yake mvua ilinyesha, njia ikawa utelezi. Nikasema ngoja ikatike kidogo. Nikiwa nimesimama barazani na kikombe cha chai, nikasikia Bibi Nakundwa anaita. Alikuwa ameanza yeye, kwa sababu shangazi amechelewa. Akaita. Akangoja. Akaita tena, na sasa sauti ilikuwa na wasiwasi ndani yake.

Ningeweza kuitika. Hata kwa ndizi yangu ya moto. "Bibi, ni mimi, nakuja huko." Maneno yenyewe nilikuwa nayo. Nikafungua mdomo, nikaona aibu. Tena aibu ya nini? Hapakuwa na mtu wa kunicheka pale isipokuwa ng'ombe.

Nikaingia ndani. Nikatoa spika yangu, ile ninayotembea nayo, nikaiweka pale shangazi alipokuwa anasimama, nikachagua rekodi ya asubuhi ya mvua, nikabonyeza.

Mwito wa shangazi ukatoka, ukavuka bonde.

Na Bibi Nakundwa akaitika. Weee! Ungesikia furaha iliyokuwa kwenye sauti ile. Macho yake yana mtoto wa jicho, haoni hata mgomba wa jirani, achilia mbali mlima wa pili. Kwake yeye rafiki yake alikuwa pale amesimama. Akauliza aliyouliza, mimi nikangoja kidogo, nikabonyeza sehemu ya mwisho: nimeamka salama, Mungu ni mwema, haya, mpaka jioni.

Nilijiambia ni kwa ajili ya presha yake. Nilijiambia mvua ikikatika naenda. Hayo ni ya uongo nusu. Ukweli ni kwamba nilikuwa nimerekodi mwitikio wake, na jioni nilipousikiliza nywele zilinisimama. Sauti ya kizee ikiongea na sauti isiyokuwa na mtu. Kile ndicho kitu nilichokuwa nakitafuta tangu nianze kazi hii. Nikaona kabisa chumba cha giza, spika moja huku, moja kule, watu wamesimama katikati.

Kaka Zefania akapiga simu. "Umeenda?"

"Nimeenda."

"Kasemaje?"

"Amelia kidogo. Anampa pole sana."

Yaani ulitoka mwepesi ule uongo, mpaka mimi mwenyewe nilishangaa.

Baada ya hapo nikawa naamka mapema kuliko hata shangazi alivyokuwa anaamka. Naweka spika, natega kinasa sauti, navaa vya masikioni, nabonyeza. Bibi Nakundwa alikuwa anazidi kuongea. Maneno mengi, marefu, yanapanda na kushuka. Mimi kule mbali, kwa Kigweno cha haraka kinachovuka bonde, nilikuwa naambulia neno moja moja. Sikujali. Nilikuwa naandika pembeni: hapa inatetemeka vizuri, hapa pumzi imekatika, hapa kuna kimya kirefu, nzuri sana.

Nzuri sana! Mungu anisamehe.

Kuna asubuhi moja sauti yake ilitoka tofauti na siku zote. Ilitoka chini, kama mtu ameinama. Ilikuwa inakatika, inavutwa, inarudi. Aliita muda mrefu. Nilishika vile vidude kwa mikono miwili nikafumba macho, mwili unanisisimka. Nikambonyezea jibu. Akaita tena, kwa nguvu zaidi. Nikambonyezea tena. Halafu akanyamaza, na ule unyamavu wenyewe nikaurekodi.

Siku hiyo nilikuwa na safari ya Same kumwona shangazi. Nikapanda bodaboda mpaka Mwanga, nikachukua basi, njiani nasikiliza ile rekodi ya asubuhi mara kwa mara, natabasamu dirishani kama mtu aliyeposwa. Nikapata wazo. Nitamsikilizisha shangazi! Nitakata sauti yake yeye, nibakize ya Bibi Nakundwa tu, niseme nimemletea salamu. Atafurahi. Kaka alikuwa ameniambia kila mlango ukifunguka anageuza macho kutazama kama ni Nakundwa ameletwa, au hata salamu yake tu.

Nilimkuta amekalishwa kitandani na mito mgongoni. Wifi yangu, mke wa Kaka Zefania, alikuwa anamlisha uji kwa kijiko. Na yeye ni wa Ugweno, wa kijiji cha chini kidogo.

"Shikamoo shangazi. Nimekuletea zawadi."

Nikamvalisha vile vidude masikioni taratibu, nikabonyeza.

Mwanzo uso wake ulifunguka. Alitabasamu kwa ule upande mmoja uliobaki. Wifi naye akacheka, "Ona mama anavyofurahi!" Kisha nikaona tabasamu linaganda. Macho yakakua. Mkono wake uliobaki mzima ukanishika hapa, kwenye kifundo cha mkono, jamani sijawahi kushikwa namna ile. Akaanza kutoa sauti. Siyo neno. Ni kitu kama mlango unaokwaruza, kinatoka na kurudi, mate yanamtiririka, na anapiga kitanda, anapiga kitanda.

Na mimi, mjinga mimi, nikasema, "Ameguswa."

Wifi akamvua vile vidude akavaa yeye. Alisikiliza kidogo tu.

"Huyu mama anasema ameanguka!"

"Nini?"

"Anasema ameanguka kizingitini tangu usiku, mguu hauamki, ametambaa mpaka uani. Anamwambia mama amtume mtu aje. Anasema, 'Eliwaza, niitie mtu, nakufa.' Hii ni ya lini?"

Nikatazama bakuli la uji.

"Wewe! Hii ni ya lini?"

"Ya leo asubuhi."

Wifi alipiga simu mlimani, kwa huyu, kwa yule, mpaka akampata mtu aliye karibu. Jirani wa Bibi Nakundwa alikuwa ameshuka mnadani toka alfajiri. Walimkuta pale pale uani, mvua imempitia, nyonga imevunjika, bado ana fahamu. Saa hizo ilikuwa mchana umeinama.

Hakufa. Nilidhani hilo litanipa nafuu. Halikunipa.

Kwa sababu jioni ile, Kaka Zefania alipofunga duka na kusikia, alinikalisha sebuleni, akasema nifungue zote. Rekodi zote, tangu shangazi aletwe Same. Wifi akawa anasikiliza na kututafsiria. Kumbe kila siku Bibi Nakundwa alikuwa anauliza kitu kimoja. Mbona unanijibu kwa mkato? Nimekukosea nini, Eliwaza? Mbona huniulizi habari za macho yangu? Kama kuna neno nilisema, nisamehe, mimi ni mzee, nasahau. Na kila siku rafiki yake alikuwa anamjibu kwamba ameamka salama, Mungu ni mwema, haya, mpaka jioni.

Hata ile asubuhi ya kuanguka. Aliomba msaada, akajibiwa hivyo hivyo.

Kaka Zefania hakunipiga wala hakupaza sauti. Alisema tu, "Ulisema ulienda." Akaingia kwa mama yake akafunga mlango.

Mimi nilikuwa nasikiliza sauti. Maneno sikuyasikiliza. Mtu anakuomba uhai wake, wewe unampa alama kwa jinsi anavyotetemeka!

Bibi Nakundwa alilazwa, akafungwa nyonga, mwishowe akarudishwa nyumbani, wa kubebwa. Aliambiwa ukweli na wanawake wa kanisani, maana mimi sikukubaliwa kukaribia. Walipanga akipata nguvu ashushwe Same wakaonane na shangazi, hata kama mmoja hasemi na mwingine haoni. Washikane mikono basi. Kila mtu mlimani alikuwa anaulizia hiyo safari.

Shangazi hakungoja. Kiharusi kilirudi, akaondoka kabla mwenzake hajaweza hata kukaa.

Tulimleta mlimani kumzika. Mimi niliachwa nije, ndiyo neno sahihi, niliachwa. Nilisimama nyuma, karibu na wanawake waliokuwa wanapika makande, na hata wao walikuwa wanaongea, wananyamaza nikipita. Mchungaji akamaliza. Udongo ukaanza kushuka. Kwaya ilikuwa imenyamaza, inavuta pumzi ya wimbo mwingine.

Ndipo ukaja mwito kutoka ng'ambo.

Ulikuwa ule ule, mwembamba. Bibi Nakundwa alikuwa ametolewa nje na kitanda chake, amewekwa uani kwake, anamwita rafiki yake. Akaita jina. Eliwaza!

Na watu wote waliozunguka kaburi, wote, waligeuka wakanitazama mimi.

Elewa ninachokwambia. Hawakutazama ng'ambo. Walinitazama mimi. Walikuwa wanatafuta spika iko wapi.

Kaka Zefania alikuja moja kwa moja, koleo bado liko mkononi. "Zima."

"Kaka, siyo mimi."

"Zima hicho kitu, nakuomba. Leo tu."

"Kaka, ni yeye! Ni Bibi Nakundwa mwenyewe! Sina kitu!"

Nikamwaga mkoba wangu pale chini, mbele ya watu, kanga, leso, Biblia, simu. Nikainua mikono. Nalia, nazunguka, nawaonyesha mikono mitupu. Hakuna aliyeniamini haraka. Na muda huo wote sauti ilikuwa inaita. Inaita, inangoja. Inaita, inangoja. Mahali pale palikuwa na watu wengi wanaojua Kigweno kuliko mahali popote duniani, na hakuna aliyeitika hata mmoja, kwa sababu mimi nilikuwa nimesimama hapo. Nani angetaka kuitikia mashine juu ya kaburi?

Nilifungua mdomo niitike mimi. Naapa nilifungua. Mwanamke mmoja wa makamo akaniwekea kiganja mdomoni, kwa upole kabisa, akatikisa kichwa.

Walipomtuma kijana akimbie akatazame, sauti ilikuwa imeshaacha.

Nilikaa kama mwezi, kisha nikaenda kwake. Kwa miguu, njia ya mtoni, ile niliyotumwa tangu mwanzo. Nilimkuta amelala karibu na dirisha.

"Shikamoo bibi," nikasema, halafu nikamwambia mimi ni nani, kwa Kigweno. Nilikuwa nimekifanyia mazoezi njia nzima.

"Marahaba," akasema. Na akaendelea kwa Kiswahili, Kiswahili chake cha kanisani, kilichonyooka. "Karibu mgeni. Kaa."

Nikaanza kuomba msamaha kwa Kigweno, akanisikiliza, akanijibu kwa Kiswahili. Nikarudia. Akanijibu kwa Kiswahili. Hakukasirika. Alikuwa mwenye adabu tu, kama unavyokuwa na mtu wa ofisini.

Kisha akauliza, "Siku ya mazishi ulikuwepo?"

"Nilikuwepo, bibi."

"Niliita. Nilitaka kumwambia yamekwisha. Nilikuwa nimemnunia, unajua. Nilidhani amenikataa." Akanigeuzia uso. "Mlinisikia?"

Ningeweza kusema hapana. Ningesema upepo ulikuwa mkali, kwaya ilikuwa inaimba. Angalau angebaki na hilo. Lakini nimeshachoka kumdanganya yule mama.

"Tulikusikia."

"Wote?"

"Wote, bibi. Walidhani ni spika yangu."

Alipapasa shuka lake, akalinyoosha vizuri pembeni, akalinyoosha tena. Kisha akamwambia mjukuu wake, aliyeletwa kumuuguza, kwa Kigweno, alete chai. Na mimi akaniambia, kwa Kiswahili, "Utakunywa chai, mgeni. Umetoka mbali."

Nilikunywa. Nikaaga. Hakuniuliza nitarudi lini.

Sasa naishi mlimani, kwenye nyumba ya shangazi. Kaka hajanifukuza, wala hapigi simu. Nikipita njiani, watu wanaoongea Kigweno wanageukia Kiswahili. Shambani, dukani, hata kanisani mlangoni. "Habari ya asubuhi?" "Nzuri." Basi. Wenye adabu wote, hakuna aliyenitukana, na nafikiri ningefurahi mtu akinitukana, mradi iwe kwa Kigweno. Nina masaa na masaa ya lugha ile kwenye kompyuta, pengine kuliko mtu yeyote, na hakuna mtu hata mmoja wa kuniamkia kwayo. Ile kazi sikuimaliza. Dar wameniuliza, nikawaambia sina kitu.

Asubuhi ukungu ukiinuka nakaa barazani. Ng'ambo kimya. Huku kimya. Nimejua sasa kwamba upweke unaweza kuwa na sauti nyingi ndani yake, na zote hazinisemeshi mimi.

Ndugu yangu unayesoma, sijui kazi yako ni nini. Labda wewe si msanii, una simu tu kama kila mtu. Umeenda kumsalimia bibi yako, au mama yako, ameanza kusimulia, na wewe umeshainyanyua ile simu umrekodi, ili ubaki na kumbukumbu, ili wajukuu wasikie, sababu nzuri tupu. Sikukatazi kumpenda. Lakini nakuomba, kwa machozi yangu yote haya, iweke chini kwanza. Anaongea na wewe.